Kutafuta BIOS sahihi: laptopu iliyokufa Mutshatsha

Mwezi wa nane uliopita, katikati ya likizo, laptopu yangu ilikufa nikiwa Mutshatsha. Ndani yake mlikuwa na saa 14 za sauti: hadithi, vitendawili na kumbukumbu za maisha ya kando ya reli, zilizosimuliwa na wazee kwa Kindembo, kwa Kichokwe na kwa Kiswahili chetu cha Lualaba. Ndiyo data ya kazi yangu ya mwisho. Mzee mmoja niliyemrekodi mwezi wa sita alikuwa amekwisha kuzikwa, na sauti yake haikuwa mahali pengine popote. Kadi ya kinasa sauti nilikuwa naifuta kila jioni baada ya kuhamisha, ili ipate nafasi ya kesho. Najua walimu wangu wa utafiti wa uwandani watakavyosema wakisoma hapa. Wana haki.

Tangu mashine ile ifufuke, wenzangu watatu wa kitivo wamenijia na laptopu zenye ugonjwa uleule, na kila mmoja nilimweleza upya. Afadhali niandike mara moja. Mimi ni mtu wa lugha, si mhandisi. Naeleza nilichokiona kwa macho na kukigusa kwa mkono, na msomaji anivumilie kwa namba.

Kisa chenyewe ni kifupi. Betri ya laptopu ilikuwa haijai vizuri, na mtengenezaji alikuwa ametoa toleo jipya la BIOS lililodai kurekebisha jambo hilo. Nililipakua nilipopita Kolwezi, nikalibeba kwenye flashi ya USB hadi Mutshatsha, na usiku mmoja jenereta ya jirani ilipowashwa nikalizindua. Mstari ulijaa polepole kwenye kioo. Mafuta ya jenereta yakaisha. Betri, ambayo ilikuwa inajisifu kuwa na asilimia 64, ikazima papo hapo, kwa maana betri iliyochoka husema uongo. Courant iliporudi, taa ndogo ya umeme iliwaka na kioo kikabaki cheusi. Nilibonyeza kila kitufe nilichokijua. Hakuna.

Ili ieleweke nini kilivunjika, tuanze na namna kompyuta inavyoamka. Ikipewa umeme, haijui kitu: haijui kama ina kioo, kibodi wala diski. Prosesa inachofanya kwanza ni kwenda kusoma maagizo yaliyoandikwa katika chipu moja ndogo yenye miguu minane, ndogo kuliko punje ya hindi, iliyolehemiwa kwenye ubao mama. Maagizo hayo ndiyo BIOS. Jina lilianza na Gary Kildall katika mfumo wake wa CP/M miaka ya 1970, likaenea na kompyuta ya IBM ya mwaka 1981. Mashine za leo zina mfumo mpya uitwao UEFI, lakini mafundi wameendelea kusema BIOS na mimi nitasema hivyo. BIOS huamsha kumbukumbu, huwasha kioo, hutafuta diski, kisha humkabidhi kazi Windows au Linux. Ikikatika katikati, hakuna wa kukabidhi, na mashine nzima yenye prosesa nzuri na kioo kizuri hukaa kama imeungua.

Kubadilisha maagizo hayo ndiko kunakoitwa kuflashi. Neno hili lina maisha mengi: nchini Kenya mtu akikuflashi anaweza kuwa amekupigia simu na kukata kabla hujapokea ili umrudie, ilhali kwa fundi wa simu kuflashi ni kuandika upya programu ya ndani kabisa ya simu. Hapa ni maana hiyo ya pili. Chipu yenyewe ni ya aina iitwayo flashi, ambayo hufutwa kwa vipande, kwa kawaida vya kilobaiti 4 au 64, kisha kila kipande huandikwa upya. Kipande kilichofutwa na kisichoandikwa bado huwa na baiti FF tupu. Msomaji akumbuke hiyo FF, tutaikuta tena.

Mtu mwenye akili angeniuliza: kwa nini usiitoe diski, ukaiweka kwenye mashine nyingine, ukachukua sauti zako? Kwa laptopu nyingi hilo ndilo jibu la kwanza na ndilo sahihi. Kama data yako iko kwenye diski inayofunguka, itoe kabla ya kumkabidhi fundi mashine, na usisome zaidi kwa hofu. Lakini laptopu nyingi za bei ndogo, zile tunazonunua sisi wanafunzi, hazina diski ya kutoa. Zina hifadhi ya eMMC, chipu iliyolehemiwa kwenye ubao mama kama viungo vingine. Yangu ilikuwa hiyo. Ubao ukilala, na sauti zinalala.

Kabla ya kufungua skrubu hata moja kuna jambo la kujaribu. Watengenezaji wengi huacha sehemu ndogo ya BIOS isiyoguswa wakati wa kusasisha, na sehemu hiyo inaweza kutafuta faili la uokoaji kwenye flashi ya USB. Kwa mashine nyingi za HP, kwa mfano, unashikilia vitufe vya Windows na B huku ukiwasha. Wengine wana vitufe vyao. Flashi iwe imeandaliwa kwa mfumo wa FAT32, na faili liwe na jina lilelile ambalo BIOS inalitafuta. Herufi moja ikipotea, halionekani. Nilijaribu kwa siku mbili, kwa majina yote niliyoyapata kwenye maelezo ya mtengenezaji. Taa ya flashi iliwaka mara moja tu, ikazima. Nikapanda lori kwenda Kolwezi.

Fundi niliyeelekezwa anafanya kazi Manika, kwenye meza iliyo chini ya veranda, na mashine za watu zimepangwa nyuma yake kama vitabu. Ni mkubwa kwangu, nilimwita yaya tangu siku ya kwanza. Alipima umeme kwa mita mahali pane au patano, akaitikia kwa kichwa, akasema: "Mudogo, carte mère haiyakufa. BIOS njo ilikufa." Nikapumua. Akaendelea kwamba nisiwe na wasiwasi, faili la laptopu hii analo. Akafungua folda, na kweli palikuwa na faili lenye jina la laptopu yangu, lilelile lililoandikwa kwa herufi za fedha juu ya mfuniko.

Nikamuuliza kama faili hilo huwa linafaa. Akajibu bila kuficha: mashine nyingine zinawaka, nyingine hapana.

Hapo ndipo penye kiini cha jambo hili, na ndipo pesa na data za watu zinapopotelea. Jina la mfuniko ni jina la dukani. Mtengenezaji anaweza kuuza kwa jina moja, katika mwaka mmoja, mashine zenye mbao mama mbili au tatu tofauti, moja ya prosesa ya Intel na nyingine ya AMD, au zote za Intel zenye viunganishi visivyofanana. Tungesema jina la mfuniko ni homonimu, kama "mbuzi" wa zizini na "mbuzi" wa kukunia nazi: ukilisikia peke yake hujui umeletewa kipi. Jina la kweli limeandikwa kwenye ubao wenyewe, kwa wino mweupe, na mara nyingi si jina la kampuni iliyo kwenye mfuniko. Laptopu za chapa nyingi huundwa na makampuni ya Taiwan kama Compal na Quanta. Mbao za Compal mara nyingi hubeba namba inayoanza na LA, kisha tarakimu, kisha herufi P. Za Quanta huanza na DA0. Baada ya namba huja toleo la ubao, limeandikwa REV na tarakimu. Toleo nalo si pambo. Kati ya toleo moja na jingine mhandisi anaweza kuwa amebadili waya mmoja tu, na BIOS ya ubao wa kwanza ikaamsha wa pili bila sauti, bila kibodi, au isiuamshe kabisa.

Tulifungua mashine. Namba ya ubao wangu ilikuwa chini ya kibodi, nusu yake imefunikwa na gundi nyeusi. Tuliisafisha kwa kijiti cha pamba na spiriti. Halafu tukarudi kwenye folda ya yaya fundi kuangalia faili lake lilitoka kwenye ubao gani. Hakukuwa na njia ya kujua kwa jina lake. Alilipewa na rafiki, na rafiki alilipata kwa mwingine.

Sasa nikapata mashaka mapya, na hayo yaliniuma zaidi. Kwenye ukurasa wa mtengenezaji, jina la laptopu yangu lilikuwa na vifurushi viwili vya BIOS. Nilipopakua sikujua tofauti yake, nikachukua cha juu. Je, mashine ilikufa kwa sababu ya umeme, au niliilisha chakula kisicho chake? Kwa kawaida programu ya kusasisha hukagua ubao kabla ya kuandika na hukataa faili geni. Lakini "kwa kawaida" si kiapo, na kama kosa lilikuwa la faili, kuliandika tena lingekuwa kosa lilelile mara mbili.

Hatua ya kwanza, basi, ikawa kusoma kilichobaki. Kifaa kinachotumika ni kidogo kama kidole gumba, kinaitwa CH341A, kinaingia kwenye USB upande mmoja na upande wa pili kina waya na kibanio kinachong'ata chipu ya miguu minane bila kuing'oa. Ni rahisi kukipata na kila fundi wa Manika niliyemtembelea alikuwa nacho. Yaya fundi alishika kibanio tayari kukifunga, nami nikaomba kwanza nisome maandishi ya juu ya chipu kwa kioo cha kukuzia. Palikuwa pameandikwa Winbond, W25Q64FW.

Maandishi hayo yanasomeka. Sehemu ya kwanza ni familia ya chipu. Namba 64 ni ukubwa, na hapa wengi hujikwaa: ni megabiti, si megabaiti. Gawanya kwa 8, unapata megabaiti 8. Ingekuwa 128 ingekuwa megabaiti 16. Halafu herufi za mwisho. W25Q64FV na W25Q64FW ni jozi ya mlinganuo finyu kama "pata" na "bata": zinatofautiana kwa herufi moja tu, na herufi hiyo inabadili kila kitu. Ya kwanza inakula volti 3.3. Ya pili inakula volti 1.8. CH341A ya kawaida inatoa 3.3, na vibao vyake vyeusi vya bei rahisi hutoa hata volti 5 kwenye nyaya za data. Ukiikabidhi chipu ya 1.8 umeme huo unaweza kuichoma, pamoja na prosesa iliyounganishwa nayo, na hapo eMMC yangu ingekuwa kaburi. Laptopu ndogo zenye prosesa za Intel za kundi la Atom na Celeron za miaka ile zilitumia sana chipu za 1.8. Ni hizohizo zenye eMMC, yaani walionunua mashine za bei ndogo ndio wanaobeba hatari hiyo.

Dawa yake ni kijibao cha kati kinachoshusha volti kutoka 3.3 hadi 1.8, kwenye umeme na kwenye nyaya za data pia. Manika hatukukipata. Tuliagiza Lubumbashi, kikaja na basi siku ya tisa. Yaya fundi alicheka kidogo kuhusu siku hizo tisa kwa herufi moja, lakini hakunilazimisha. Baadaye alinionyesha ubao wa mteja mwingine, wenye chipu iliyopasuka katikati, akanyamaza.

Kusoma kwenyewe kunataka utulivu. Toa chaja, chomoa betri kubwa, chomoa na betri ndogo ya saa, bonyeza kitufe cha kuwashia sekunde kadhaa ili umeme uliobaki uishe. Tafuta nukta kwenye kona ya chipu: hiyo ndiyo alama ya mguu wa kwanza, na waya mwekundu wa kibanio hukaa upande huo. Tulitumia kompyuta yenye Linux na programu ya flashrom, ambayo ni huru na ya bure. Amri ni moja: flashrom -p ch341a_spi -r soma1.bin. Inasoma chipu nzima na kuiweka kwenye faili. Kisha unasoma mara ya pili, soma2.bin, bila kugusa chochote, na kuyalinganisha kwa sha256sum, amri inayotoa namba ndefu kama alama ya kidole cha faili. Namba zikitofautiana hata tarakimu moja, umesoma vibaya. Za kwetu zilitofautiana. Kibanio hakikung'ata vizuri. Mguu mmoja ulikuwa na gundi. Tulisafisha, tukasoma tena, mara ya tatu na ya nne zikalingana, ya tano pia. Mafundi wengi huruka hatua hii kwa sababu wanataka kuandika, si kusoma. Mimi ningeikataa mashine yangu kwa fundi asiyesoma kwanza na kunipa nakala.

Faili lilikuwa na baiti 8,388,608, ambazo ndizo megabaiti 8 kamili. Nikalifungua katika programu inayoonyesha baiti mojamoja. Sikutegemea kufurahia, lakini kwa mtu aliyezoea kulinganisha nakala za maandishi lilikuwa jambo la kufurahisha mno.

Katika mashine za Intel, chipu hiyo ina maeneo. La kwanza ni ramani ya mengine, nayo hutambulika kwa baiti 5A A5 F0 0F zilizo karibu kabisa na mwanzo, kuanzia baiti ya 16. Zangu zilikuwapo, kwa hiyo ramani ilikuwa nzima. La pili ni eneo la kiini kidogo cha usalama cha Intel, kinachoitwa TXE katika mashine ndogo na ME katika kubwa. Lilionekana zima. La mwisho ni BIOS yenyewe, ambayo kwangu ilichukua megabaiti 3 za mwisho. Hapo nikakuta jeraha. Baada ya maandishi mengi kulikuja uwanja mweupe, FF FF FF FF, kurasa na kurasa, kisha maandishi yakaanza tena hadi mwisho. Ule uwanja ulikuwa dakika ileile jenereta ilipozima. Programu ilikuwa imekwisha kuandika toleo jipya hadi hapo, imekifuta kipande kilichofuata, na haikuwahi kukiandika. Baada yake lilibaki toleo la zamani ambalo halikuwa limefikiwa. Wahakiki wa matini wana neno la Kilatini kwa pengo kama hilo katika muswada, lacuna, na mhakiki hulijaza kwa kutafuta nakala nyingine ya matini ileile. Kazi yangu ikawa hiyo.

Nilianza na maneno. Amri iitwayo strings huchuja kutoka kwenye faili kila mfululizo wa herufi zinazosomeka. Nyingine zimeandikwa kwa baiti mbili kila herufi, na sifuri katikati, kwa hiyo lazima uirudie kwa strings -el, vinginevyo nusu ya maneno hayaonekani. Katika kelele nyingi nilikuta jina la ubao, lilelile tulilolisafisha kwa spiriti, na namba mbili za toleo, la zamani na jipya.

Kisha nikavichukua vifurushi vyote viwili vya mtengenezaji. Kinachopakuliwa ni faili la .exe, nalo si BIOS. Ni mfuko wenye BIOS ndani. 7-Zip iliufungua, na ndani nikakuta faili la BIOS pamoja na programu ya kuiandika. Msomaji aangalie ukubwa wa faili hilo kabla ya lolote. Likiwa dogo kuliko chipu, huenda ni eneo la BIOS peke yake, na ukiliandika kuanzia mwanzo wa chipu utakuwa umefuta ramani na kuweka kichwa mahali pa miguu. Likiwa kubwa kidogo kuliko chipu, lina kichwa kilichoongezwa mbele: faili za .CAP za ASUS, kwa mfano, hubeba baiti 2048 za utangulizi ambazo hazipaswi kuingia kwenye chipu. Watu wengi wamepata "faili sahihi" na bado wakaua mashine kwa sababu hiyo.

Kila kifurushi changu kilitoa faili la megabaiti 3. Nikalinganisha kila moja na mwanzo wa eneo la BIOS katika nakala yangu. Faili la kifurushi cha chini lilitofautiana karibu kila mahali. La kifurushi cha juu, lile nililolipakua bila kujua, lilikubaliana na nakala yangu baiti kwa baiti kutoka mahali programu ilipoanza kuandika hadi ukingo wa uwanja mweupe. Umeme njo ulikuwa na kosa. Nilikuwa nimechukua faili sahihi kwa bahati, na sasa nilikuwa nalo kwa ushahidi.

Palikuwa na kipande kimoja kisichokubaliana, kidogo, mwanzoni mwa eneo, na karibu nikidharau. UEFITool, programu inayochora sehemu za BIOS kama matawi, ilinionyesha ni nini: hifadhi ya mambo ya mashine yenyewe. Humo mna mipangilio, namba ya utambulisho wa mashine na, katika laptopu nyingi, mna pia ufunguo wa Windows iliyonunuliwa nayo. Programu ya mtengenezaji hukiacha kipande hicho bila kukigusa. Faili la rafiki wa rafiki, ambalo ni nakala ya chipu nzima ya mtu mwingine, huleta kipande cha mwenyewe: mashine yako inaamka, kama inaamka, ikiwa na kitambulisho cha mtu usiyemjua. Na kama hifadhi yako imefungwa kwa BitLocker, funguo zake mara nyingi zinalindwa ndani ya lile eneo la TXE au ME. Ukiliandika la mwingine juu yake, Windows itakudai ufunguo wa kurejesha, na usipokuwa nao hadithi imeisha. Yangu haikuwa imefungwa. Ya mmoja wa wale wenzangu watatu ilikuwa imefungwa.

Kwa hiyo sikuandika faili la mtengenezaji peke yake, wala la yaya fundi. Nilichukua nakala yangu ya megabaiti 8 kama msingi. Ramani, eneo la TXE na kile kipande cha utambulisho nikaviacha kama vilivyo, na sehemu iliyobaki ya BIOS, pamoja na uwanja mweupe na mabaki ya toleo la zamani, nikaijaza kwa faili la mtengenezaji. Faili jipya likawa tena na baiti 8,388,608. Nakala ya awali, yenye jeraha lake, nikaiweka kwenye flashi mbili.

Kuandika tulikufanya kwenye kompyuta ya yaya fundi yenye betri nzima, chaja ikiwa imechomekwa, na safari hii hatukuamini asilimia. Aliiacha ifanye kazi kwa betri nusu saa kwanza tuone kama inashuka kwa haki. Flashrom hufuta, huandika, kisha husoma tena yenyewe na kulinganisha. Kwa CH341A ni dakika kadhaa, na katika dakika hizo mtu hasogezi meza. Mwishoni likatoka neno VERIFIED.

Tulirudisha betri ndogo, kisha kubwa, nikabonyeza kitufe. Kioo kikabaki cheusi. Nilikuwa nimeambiwa kwamba mara ya kwanza mashine hujifunza upya kumbukumbu zake na huchelewa, lakini kuambiwa na kukaa mbele ya kioo cheusi ni mambo mawili. Yaya fundi alinishika mkono nisikibonyeze tena. Baada ya dakika moja na zaidi nembo ikatokea, saa ikionyesha tarehe ya miaka mingi nyuma. Sikuirekebisha. Nilichomeka flashi, nikanakili folda ya sauti, nikachomeka ya pili, nikanakili tena, halafu nikafungua faili la mwezi wa sita kuhakikisha linacheza. Mzee alikuwa anakohoa kabla ya kuanza hadithi, kama alivyokohoa siku ile.

Yaya fundi alipomaliza kukaza skrubu, aliniomba nikae naye alasiri hiyo tupitie folda yake. Tulifungua kila faili, tukaipitisha kwenye strings, na lililotaja ubao wake tulilipa jina jipya: namba ya ubao, toleo la ubao, chipu, toleo la BIOS, na kama ni nakala ya mashine nzima au ni ya mtengenezaji. Yale yasiyotaja chochote tuliyaweka katika folda tuliyoiita HAIJULIKANI, na yalikuwa mengi kuliko mengine. Faili lenye jina la laptopu yangu lilitaja ubao wa kile kifurushi kingine.